Barua ya Bi Somoe

Mimi si mtu wa ndoto. Kwa miaka ishirini na minane nimekuwa afisa utumishi katika halmashauri moja ya wilaya huku kusini, na kazi hiyo humfundisha mtu kuamini kitu kikishagongwa muhuri na kupewa namba ya folio jaladani. Nikiota, huota mambo ya kawaida, kwamba nimechelewa kikao au nimekwenda ofisini na kandambili, na nikiamka huwa nimekwisha kuyasahau. Hii ninayoisimulia niliikumbuka yote, na ninaileta kwa mpangilio uleule ilivyonijia, kwa kuwa sijui namna nyingine ya kusimulia.

Ilikuwa Ijumaa. Waraka ulikuwa umetoka juu ukiagiza kwamba kila mtumishi aliyeajiriwa bila sifa zilizotajwa katika muundo wa kazi yake aondolewe, na mkurugenzi wetu akataka barua zote ziwe mezani kwake Jumatatu. Orodha ilikuwa na majina kumi na moja. Mwanasheria alikuwa ametuandalia barua moja ya mfano, sisi tubadilishe majina tu, na katikati yake palikuwa na sentensi isemayo kwamba mtumishi anaachishwa kazi kwa sababu alijipatia ajira kwa udanganyifu. Wengi katika orodha ile sentensi iliwaenea. Mmoja alitumia cheti cha marehemu kaka yake. Mwingine cheti chake kilitaja shule ambayo haijapata kujengwa. Njia ya mwongo ni fupi, wanasema, ingawa kwetu ilichukua miaka kumi na mitano kufika mwisho. Nilijaza barua kumi kabla ya chakula cha mchana. Kisha nikafungua jalada la kumi na moja, la Somoe Nandonde, mhudumu wa zahanati ya kijiji cha Namtandile.

Jalada hilo nililifahamu, maana nililifungua mwenyewe. Miaka kumi na mitano iliyopita mimi ndiye niliyekuwa katibu wa jopo la usaili. Jopo letu lilikuwa na mazoea yake: kwa kuwa fomu zilikuwa nyingi na wajumbe ni watu wa shughuli, katibu alizijaza zote asubuhi, kabla msailiwa hata mmoja hajaingia, na wajumbe wakazisaini palepale ili mchana watu watawanyike. Mahali pa vyeti niliandika katika fomu zote nane maneno yaleyale, kwamba cheti halisi cha kidato cha nne kimeonekana. Somoe alipoingia, binti wa miaka ishirini na minne, alinikabidhi cheti chake kwa mikono miwili, na kilikuwa cha darasa la saba. Hakuficha. Alisema mwenyewe kwamba hakuendelea na shule, ila tangu udogo amekuwa akimsaidia mkunga wa kijijini kwao. Mwenyekiti alitazama saa, akasema Namtandile hakuna mwingine anayekubali kwenda, basi aende huyu, na aitwe anayefuata. Kalamu nilikuwa nayo mkononi. Kukata maneno yale na kuandika mengine kungechukua nusu dakika, lakini fomu ilikuwa imekwisha kusainiwa, na fomu iliyokatwa humlazimu katibu kuandika upya na kuzungusha saini upya. Nikaiacha kama ilivyo.

Sasa mwandiko wangu ulikuwa unanitazama. Mtu asiyekuwepo siku ile akilisoma jalada lile ataapa kwamba Somoe alileta cheti cha kughushi, kisha akakiondoa. Anayeachishwa kwa kukosa sifa huondoka na jina lake. Ataishi na watu, ataomba kazi kwingine. Anayeachishwa kwa udanganyifu haajiriki tena serikalini, na pale Namtandile, ambako akina mama humkabidhi watoto wao bila kuuliza, angeitwa mwizi wa kazi mpaka siku anazikwa. Upande wangu nao haukuwa mwepesi. Nilikuwa nimebakiza miaka minne kustaafu, na kosa la kuandika uongo katika kumbukumbu za serikali halizeeki. Niliogopa, na sioni sababu ya kulitafutia jina jingine. Nikafunga jalada, nikarudi nyumbani saa kumi, nikamwambia mke wangu kichwa kinaniuma, nikajinyoosha kwenye kochi la sebuleni na viatu vyangu miguuni. Jua lilikuwa bado kali dirishani usingizi uliponichukua.

Nikajiona natembea katika nchi tambarare ambayo udongo wake ulikuwa mweupe na laini, na kila nilipokanyaga, alama ya unyayo ilibaki nyuma yangu wala haikufutwa na upepo, ingawa upepo ulivuma mfululizo. Nilijaribu kutembea kwa ncha za vidole. Alama zikabaki vilevile, ila zikawa kama za mtu aliyekuwa akinyata. Mbele yangu watu wengi walikuwa wakienda upande mmoja, kila mtu na mzigo kichwani, na nilipowakaribia nikaona kwamba walichobeba ni miaka yao ya kazi, imefungwa kwa kamba kama kuni. Mzigo mmoja ulinukia chaki, mwingine mafuta ya gari, mwingine dawa ya kusafishia vidonda. Hakuna aliyelia. Walizungumza mambo ya kila siku, mvua ilivyochelewa, nani kaoa kwa nani, na walipotazama mbele walitazama kidogo tu halafu wakarudi kwenye mazungumzo yao.

Mwanamke mmoja wa makamo, mwenye funguo nyingi kiunoni na korosho za kukaanga kiganjani, alijitenga na watu akaja kutembea nami. Alisema anaitwa Kumbukumbu, kwamba yeye ndiye mtunza masjala wa nchi ile, na kwamba tumefanya kazi pamoja miaka mingi ila mimi nimekuwa nikimpita mlangoni bila salamu. Nikamwomba radhi. Akanijibu kwamba hana kinyongo, kwa kuwa kazi yake haihitaji kupendwa. Alinieleza kuwa mji ulioko mbele unaitwa Stahili, kwamba watu hawa wote wamekuwa wakiishi humo, na kwamba leo wanapitishwa upya langoni, anayestahili abaki na asiyestahili atoke. Halafu akautazama mkono wangu wa kulia. Nami nikautazama, nikaona nimeshika muhuri mkubwa wenye mpini wa mbao. Nilijaribu kuuweka chini, lakini vidole havikufunguka.

Kabla ya lango tulipita kwenye nyumba ya Bwana Si-Mimi. Alitoka mbio kunilaki, mtu mnene mwenye manukato, akaniita ndugu, akanivuta ndani. Nyumba yake ilikuwa kubwa na ina milango kila upande, yote ikifungukia nje, ili mgeni akibanwa na swali apate pa kutokea. Watu walikuwa wamejaa humo wakinywa chai, na kila niliyemsalimu alisema yeye hakai pale, anapita tu. Nilimwona mwenyekiti wetu wa siku ile ya usaili, ambaye sasa ni marehemu, akimweleza jirani yake kwamba yeye alisaini alicholetewa. Bwana Si-Mimi akanipeleka hadi kwenye kiti kilichoandikwa jina langu. Nilipokaa kilinipokea vizuri mno, kimebonyea mahali ninapobonyea mimi. Akanimiminia chai, akanieleza kwa sauti ya upole kwamba jopo lilikuwa na watu watano, kwamba katibu hana kura, kwamba fomu ile ilitungwa na wengine, na kwamba binti mwenyewe angeweza kuuliza kilichoandikwa humo. Nilipendezwa kuona kwamba katika maneno yake yote hapakuwa na uongo hata mmoja. Ningekaa pale hadi kiama kama Kumbukumbu asingegonga funguo zake mlangoni.

"Chai yake ni tamu," aliniambia tulipotoka, "ila humo ndani hukuona aliyeshiba."

Langoni alisimama Bwana Utaratibu, mrefu, shati limenyooshwa, macho yake hayainuki kutoka kwenye karatasi kwenda kwenye uso wa mtu. Nilikuwa nimejiandaa kumchukia, nikashindwa. Hakupokea kitu cha mtu, hakumfokea yeyote, aliyechoka alimpa maji, na swali alilomuuliza wa kwanza ndilo alilomuuliza wa mwisho. Kando yake alisimama Bi Tajiriba, mikono yake imechubuka na kukomaa, akimtetea kila aliyefika: huyu akisikia gari likikohoa anajua kinachougua, yule akimgusa mtoto kisogoni anajua homa imefika wapi. Utaratibu alimsikiliza mpaka mwisho, kila mara, kisha akaomba karatasi. Mbele kidogo, kivulini, aliketi Huruma na leso yake. Wakubwa wote waliopita pale walimletea kiti kizuri zaidi ya alichokuwa nacho, na hakuna aliyemuuliza anaonaje.

Ndipo ikafika zamu ya Somoe. Alikuwa yule wa siku ya usaili, ana miaka ishirini na minne, isipokuwa mzigo wa miaka kumi na mitano ulikuwa kichwani pake. Alitoa cheti kwa mikono miwili. Utaratibu alikisoma, akamwambia kwa adabu kwamba hakitoshi. Baadaye akafunua rundo lake, akaiona fomu yangu, akasoma kwa sauti kwamba cheti cha kidato cha nne kimeonekana, akahitimisha kwamba basi mwanamke huyu alidanganya, na akaniashiria nigonge. Nikaugeuza muhuri nikaona herufi zake: MDANGANYIFU. Mkono wangu ulianza kuinuka wenyewe kuelekea kwenye paji la uso wake. Nikasema haraka kwamba nakata rufaa. Utaratibu alikubali mara moja, akasema rufaa imo katika kanuni, akanionyesha mwanamke aliyeketi kwenye kibao ndani ya lango, akichambua mchele kwenye ungo. Huyo ndiye aliyekuwa Haki. Nilikuwa nimetarajia mizani na upanga, lakini hakuwa navyo.

Nikamwendea, Somoe akinifuata nyuma, nikajieleza vizuri. Nilisema miaka kumi na mitano si mchezo, nilisema kijiji kizima kinamtegemea, nikaomba Somoe abakishwe. Haki aliondoa kijiwe kimoja, akakitupa pembeni.

"Atatoka," alisema. "Dawa haijui kwamba mtu ana moyo mzuri. Siku moja yatakuja maandishi kwenye chupa ambayo hatayaelewa, na mtoto atakayeinywa ni wa mtu. Aliyeweka sharti lile alikuwa akimfikiria mtoto huyo."

Nililijua hilo hata kabla hajalisema. Nikaona na jambo jingine lililonitia haya. Nilikuwa namtetea Somoe abaki kwa sababu akibaki barua haiandikwi, na barua isipoandikwa hakuna atakayelifungua jalada. Nilikuwa najitetea mwenyewe kwa kinywa cha mtu mwingine.

"Kutoka ni kwake," Haki akaendelea. "Na huo muhuri ulioushika ni wa nani?"

Nikajibu kwamba ni wa jopo. Akauliza jopo lina mikono mingapi, kwa kuwa yeye anauona mmoja. Nikakohoa, nikatumia ile sauti yangu ya vikaoni, nikamwambia kwamba ukweli ni kuwa tulimpitisha kwa huruma: binti maskini, kijiji cha mbali, akina mama wanajifungulia njiani, nasi tukaona bora tulegeze sharti. Ilikuwa hoja nzuri. Nilipokuwa nikiitoa nilianza kuiamini. Haki akaacha kuchambua, akamwita Huruma. Alikuja taratibu akijifuta macho, akaulizwa kama siku ile ya usaili alikuwemo chumbani. Alinitazama kwa muda, kwa upole ambao ulikuwa mgumu kuuvumilia.

"Sikuwemo," alisema. "Hawakuniita."

Hapo mkono wangu ukaanza kushuka. Niliushika kwa mkono wa kushoto, ukanishinda nguvu. Niliomba msaada, watu wa foleni wakanitazama kama wanavyomtazama afisa yeyote akifanya kazi yake. Nyuma yangu Bwana Si-Mimi alikuwa amekwisha kufika, amenishika shati, akinikumbusha kwa upole kwamba kiti changu bado kipo. Kumbukumbu hakunishika. Alisogea karibu na sikio langu, akatafuna korosho yake, akaimeza, ndipo akasema.

"Aliyeteleza ana kosa la kuteleza, na watu humwinua. Anayemsukuma mwenzake ili ionekane ndiye aliyeteleza, huyo amesimama wima na akili zake zote."

Somoe alikuwa amefumba macho na kuinua uso kidogo, ametulia, kama mtu anayesubiri sindano kwa muuguzi anayemwamini. Niliuona muhuri ukibakiza upana wa kidole kufika kwenye ngozi yake, nikajaribu kusema jina langu, jina langu kamili kama lilivyo kwenye saini, na sauti haikutoka. Nikaamka.

Mke wangu alikuwa amesimama na kikombe, akiuliza ni nani aliyenifundisha kulala na viatu kwenye kochi lake. Saa kumi na mbili ilikuwa haijafika. Mkono wangu wa kulia ulikuwa umekufa ganzi kwa kulaliwa, na mtu wa majalada angeweza kuieleza ndoto nzima kwa mkono huo na kufunga hoja. Nilijaribu. Nilikunywa chai yangu nikijaribu. Lakini kadiri damu ilivyorudi vidoleni ndivyo mambo yalivyozidi kuwa wazi kwangu. Siku nzima nilikuwa nimejiuliza kama Somoe anastahili kubaki, na swali hilo lilikwisha kujibiwa na muundo wa kazi. Hakuwa na sifa, ataondoka. Lililobaki ni neno moja ndani ya barua, na neno hilo lilikuwa langu. Nilikuwa nimelibeba miaka kumi na mitano, na sasa nilitaka kumtwika yeye aondoke nalo. Lililonisumbua zaidi ni lile la huruma. Sikuwa nimelipanga, lilinitoka lenyewe, likiwa limekamilika, tayari kwa matumizi. Nikajua kwamba nisingelilala usingizi ule, Jumatatu ningelisema kwa mkurugenzi na angelipenda.

Asubuhi ya Jumamosi nilipanda bodaboda nikaenda Namtandile. Somoe nilimkuta uani kwake akianika mihogo kwenye jamvi. Aliacha alichokuwa akifanya, akanikaribisha, akaniamkia shikamoo, nikaitikia, akaniletea kigoda. Habari za orodha alikuwa amekwisha kuzisikia, kijijini habari haziingojei posta. Nikamweleza yote kama nilivyoyaeleza hapa, fomu zilizojazwa asubuhi, maneno niliyoandika na niliyoacha kuyakata. Nilimwambia kwamba barua ya mfano tuliyopewa inamwita mdanganyifu, na kwamba Jumatatu barua yake nitaiambatanisha na dokezo langu lenye jina na saini, kusema hakuficha kitu na aliyeandika uongo ni mimi. Watakalonifanya silijui. Nilimwambia pia kwamba hata neno hilo likifutwa, kazini ataondoka tu, na kwamba sikuja kumdanganya juu ya hilo. Aliuliza kliniki ya Jumatano ataifanya nani. Nikasema sijui.

Aliweka mikono magotini.

"Mzee, nikuulize," alisema. "Mimi miaka yote hiyo nilijua mliona cheti changu mkanionea huruma. Nimewaambia hadi wanangu, kwamba kuna watu kule wilayani walimwonea huruma mama yenu. Si ndivyo?"

Nilitamani kusema ndiyo. Kazi alikuwa ameipoteza, na neno lile dogo lingemwachia angalau kitu cha kubaki nacho. Hakuna jalada lingelipinga, na sidhani kama kuna mtu angenilaumu. Niliona aibu kali kuliko ya ndotoni.

"Hapana, Bi Somoe," nilisema. "Tulikuwa na haraka."

Aliinama, akageuza vipande viwili vitatu vya muhogo ambavyo alikwisha kuvigeuza.

"Basi na hilo liandike," alisema.